Hasira za Shangazi Siutiti

Kabla Folola hajapata pa kuanzia kumwambia mumewe, mama mkwe wake alikuwa ameshawaambia dada zake wawili, mke wa mchungaji, na binamu mmoja wa Auckland ambaye hata siku ya harusi hakupiga simu.

Kosa lilikuwa la Folola mwenyewe. Anayetaka kuficha kitu katika nyumba ya Ilaisaane, mama mkwe huyo, asikitupe kwenye taka, maana kila Jumamosi alasiri mama yule huchoma taka zote ili Jumapili imkute na uwanja msafi, na hachomi kitu asichokipekua kwanza. Folola alikuwa amekikunja kijiti cha kupimia mimba ndani ya karatasi, karatasi akaisukumiza ndani ya kopo la maziwa, akadhani mambo yamekwisha. Sasa alikuwa kwenye cherehani akimalizia gauni la nne kati ya sita alizoombwa, magauni meupe ya watoto wa ukoo na majirani kwa ajili ya Jumapili yao ya kesho, ile ya Mei ambayo watoto ndio wenye kanisa. Akasikia kandambili zinakuja mbio.

"Mwanangu," Ilaisaane alisema mlangoni, kijiti mkononi. "Hii ni nini?"

"Mama, naomba unisikilize kwanza."

"Mistari miwili. Mimi shule sikwenda mbali, lakini kuhesabu mpaka mbili naweza."

"Bado hatujajua ni kitu gani."

"Nani hajajua? Kijiti kimejua." Akakaa chini mkekani kwa kishindo, akaanza kulia na kucheka kwa pamoja. "Kumbe Siutiti kafungua moyo. Shangazi yako kasamehe. Nilisema mimi. Toka kwenye cherehani hiyo, mwenye hali yako hakanyagi cherehani."

"Bado magauni mawili, mama."

"Watavaa ya mwaka jana."

"Basi nakuomba jambo moja. Niachie nimwambie Lopeti mwenyewe."

"Sitafungua mdomo," Ilaisaane alisema, na wakati aliposema hivyo huenda alimaanisha.

Folola alibaki na kitambaa cheupe mapajani. Furaha ya mama yule ilimchoma, kwa sababu aliwahi kuiona. Mwaka na nusu uliopita kijiti kilikuwa na mistari miwili vilevile. Alitapika, tumbo likakimbia mbele ya miezi, na Ilaisaane akajisifu kanisani kwamba ni mapacha. Utrasaundi haikuonyesha mapacha wala mtoto. Ilionyesha vishada vya malengelenge, kitu ambacho daktari alikiita mimba zabibu. Wakamsafisha. Lakini masalia ya mimba ile yakang'ang'ania mwilini, yakaendelea kukua kama saratani, na homoni ya mimba ikawa inapanda kila wiki katika damu ya mwanamke asiye na mimba. Akachomwa sindano za saratani mizunguko minane. Mdomo ukajaa vidonda mpaka Lopeti akawa anamlisha tui la nazi kwa kijiko cha chai, tone kwa tone.

Homoni iliposhuka na kutulia chini, Daktari Mafi alimwambia maneno ambayo Folola aliyashika kama aya. "Kizazi chako kipo. Wanawake wengi waliopita mikononi mwangu wamezaa. Ila mwaka mzima toka sindano ya mwisho usishike mimba. Mimba na ugonjwa huu vinabisha hodi kwa sauti moja. Nikisikia hodi kwenye damu yako, sitajua nani yuko mlangoni."

Huu ulikuwa mwezi wa saba tu. Hodi ilikuwa imebishwa, na kati ya wote walioisikia mpaka sasa ni yeye peke yake aliyejua kwamba wabisha hodi wanaweza kuwa wawili. Ama mtoto, ama ugonjwa umerudi.

Na kulikuwa na lingine, lililomfanya usiku ageuke huku na huku mpaka kitanda kilie. Watu wa kijiji chao cha Kolovai walikuwa na maelezo yao kuhusu yale malengelenge, na maelezo yenyewe yaliitwa Siutiti. Kwao hapo shangazi, dada mkubwa wa baba, si mtu wa kuchezewa. Harusini yeye ndiye hukaa mbele, mkeka mzuri kuliko yote huwekwa miguuni pake, na inasemekana akikasirika, tumbo la binti wa kaka yake hujifunga. Sasa Folola na Lopeti walioana katika ofisi ya msajili mjini Nuku'alofa siku ya Jumatano, kwa haraka, kwa sababu Ijumaa Lopeti alikuwa anapanda ndege kwenda Australia kuchuma matunda msimu mzima. Shangazi Siutiti hakuketi mbele wala nyuma. Habari za ndoa aliambiwa na muuza nyanya sokoni. Toka hapo hawakusemezana. Folola alikusudia kwenda kumwomba radhi, akaahirisha, akaahirisha tena, kisha mimba zabibu ikaja na watu wote wakasema si unaona. Baada ya hapo asingekwenda ng'o. Kwenda kungekuwa ni kukiri kwamba amelaaniwa.

Lakini miezi mitatu iliyopita, akiwa na wanawake wenzake wanagonga magome ya mti kutengeneza nguo, mmoja alisema bila kuinua macho, "Mumeo mtu mzuri. Wakati ule unaumwa kapeleka nguruwe mzima na mkeka kwa Siutiti. Kapiga magoti mlangoni." Folola aliendelea kugonga kama hakusikia. Jioni yake akaichukua pakiti ya vidonge vya kuzuia mimba, akaitazama, akairudisha chini ya nguo. Hakumeza siku ile wala iliyofuata. Yeye aliyejigamba kwamba haamini laana, alikuwa ameuamini msamaha. Na mwezi uliopita, ilipofika siku ya kutolewa damu ya kupimwa, hakwenda. Hospitali walipiga simu mara mbili, akaiacha simu iite mpaka ichoke.

Ahadi ya Ilaisaane ilidumu mpaka alfajiri. Folola alikuwa anajifunga mshipi wake wa kusuka juu ya gauni la kanisani Lopeti alipoingia chumbani kutoka kwenye tanuri la shimoni, shati limejaa moshi, mikononi bado ana majani ya magimbi. Alisimama pale akimwangalia usoni, kisha tumboni, kisha usoni tena. Folola alimpenda mtu huyu toka siku alipomwona juu ya paa la shule, anapigilia misumari huku anaimba besi kama paa ni kwaya. Leo hakuweza kuyasoma macho yake.

"Fo," alisema.

"Mchelewaji wa kanisa ni mwizi wa neema," sauti ya Ilaisaane iliingia kabla ya mwenyewe. "Lopeti, koga. Unanuka kama nguruwe unayempika."

Wakaenda kanisani.

Watoto walikaa mbele wote weupe, nywele zimepakwa mafuta. Mmoja mmoja alisimama akasema aya yake, wazazi wakitikisa midomo pamoja nao kutoka kwenye viti. Binti mdogo wa jirani, aliyevaa gauni la nne, alisahau maneno katikati, akamtafuta mama yake kwa macho, akampata, akaendelea. Folola aliinamisha kichwa. Alipokiinua, Lopeti alikuwa anamtazama kutoka kwenye safu ya besi ng'ambo ya pili. Kwaya ilikuwa inaimba, na kinywa chake kilikuwa kimefungwa. Walitazamana hivyo ubeti mzima, na Folola alihisi moyo wake unazunguka mahali pamoja, kama mtu aliyeingia chumbani akasahau alichokifuata.

Mchana watoto walikula kwanza, kama desturi ya siku hiyo, wakubwa wakiwapepea nzi na kuwaongezea nyama. Ndipo mjomba wa Lopeti akasimama, akamshukuru Mungu kwa watoto waliopo na kwa "yule ambaye bado yuko njiani, ambaye mwaka kesho atakuwa kifuani mwa mama yake hapahapa." Watu wakapiga makofi. Mwanamke mmoja akampapasa Folola tumbo kabla hajawahi kujikinga.

"Anakuwa mwekundu," mmoja alisema. "Wa kiume huyo."

"Muacheni," Ilaisaane alisema kwa fahari. "Mwenzenu amesumbuka. Nilimwambia, mwanangu, mficha uchi hazai. Mambo ya ukoo yakisemwa, yanakwisha."

Folola alitabasamu mpaka mashavu yakamuuma.

Ugomvi ulisubiri usingizi wa Jumapili. Nyumba nzima ilijitupa kwenye mikeka baada ya kula, ikawa inakoroma upande wa pili wa ukuta wa mbao usiofika darini, kwa hiyo kila walichosemezana Folola na Lopeti chumbani mwao alasiri ile walikisema kwa kunong'ona.

"Umejua toka lini?"

"Alhamisi."

"Leo Jumapili. Mjomba kaniambia shimoni, mikono yake imejaa majivu, ananikumbatia. Nikajifanya nilikuwa najua. Unajua ilivyo kazi kujifanya unajua?"

"Ningekuambia nini, Lopeti? Nikupe hongera au nikupe pole? Ulimsikia daktari mwenyewe."

"Nilimsikia. Ndiyo maana ungeniambia hiyo Alhamisi."

"Wewe uliniambia ulipokwenda kwa shangazi yangu?"

Kukoroma kwa upande wa pili kulikatika, kisha kukaendelea. Lopeti alikaa kwenye ukingo wa kitanda.

"Nani kakuambia?"

"Kolovai nzima, isipokuwa mume wangu. Ulipiga magoti kwa jina langu. Umewaambia watu wote kwamba kweli nina laana, tena umewapelekea na nguruwe wa ushahidi."

"Niliomba radhi ya harusi. Tulimkosea yule mama, Fo. Hilo halihitaji kwenda kwa daktari. Tulioana Jumatano kama wezi wa kuku."

"Mwenye ndege ya Ijumaa ni nani?"

"Na aliyesema nioe kabla hujapanda ni nani?"

Ilibidi Folola afunike mdomo. Kicheko kilimpanda kooni, na nyuma yake kikapanda kilio, akavimeza vyote viwili.

"Unaamini?" alimuuliza. "Sema kweli. Unaamini ni yeye?"

"Siamini." Akajikuna kidevu. "Sijui. Ulikuwa umelala hapo, midomo imepasuka, hata maji hupitishi. Mimi kazi yangu ni misumari na mabati. Kila mtu ana la kufanya, daktari ana sindano, nesi ana dripu, mimi nina kijiko. Basi ikaniingia akilini kwamba kuna mlango mmoja sijaugonga. Siku ile wangeniambia nipigie magoti mbuzi, ningempigia."

Folola alimwangalia mikono, ile mikubwa, imetulia juu ya magoti. Akajua kwamba asipolisema sasa hatalisema.

"Niliacha vidonge."

"Vipi?"

"Siku niliyosikia umekwenda kwake. Nilijiambia mimi siamini, lakini mkono ukakataa kufungua pakiti. Na damu ya mwezi uliopita sikwenda kutoa. Niliogopa wataniambia."

Lopeti aliinuka. Alikwenda dirishani, akarudi, akaenda tena. Chumba kilikuwa hatua nne tu, akazimaliza haraka. Kwenye miti ya nje popo wakubwa walikuwa wanagombea matawi.

"Miezi saba nimelala nawe kama mtu anayebeba mayai," alinong'ona. "Kila mwezi nasubiri ile namba ya homoni kutoka hospitali kabla sijaweza kula. Uliniambia mwezi uliopita namba ni nzuri."

"Nilidanganya."

"Ulitaka mtoto kiasi cha kufa?"

"Nilitaka leo niwe nimeshona gauni moja la mtoto wangu." Sauti ilimponyoka, akaishusha. "Hujui ilivyo. Wewe ukipita wanasema fundi yule. Mimi nikipita wanatazama hapa," akajishika tumbo, "kama duka lililofungwa."

Folola akaendelea, maana ukishaanza kumwaga unamwaga mpaka chini. "Kesho naenda. Ikiwa ni ugonjwa, sikudai kitu. Niache. Mama yako atakutafutia mwingine kabla ya Krismasi."

"Mama yangu hawezi kuchagua hata tikitimaji."

"Sitanii, Lopeti."

"Wala mimi." Aligeuka, na Folola akaona kwamba analia, bila sauti, kwa adabu ya waliolala. "Nina hasira na wewe, nakuambia ukweli. Nina hasira ambayo sijui niiweke wapi. Umenidanganya kuhusu kitu pekee nilichokuwa naomba. Siombi mtoto, Folola. Ulidhani naombea mtoto? Kila siku naomba ile namba isipande. Namba tu. Mungu ameshachoka na hesabu zangu."

Folola alisogea kwenye ukingo wa kitanda kumwachia nafasi, na baada ya muda mrefu Lopeti akaja akakaa. Hakumkumbatia. Akauweka mkono wake juu ya kitanda, kiganja juu, na Folola akauweka wa kwake ndani.

"Saa mbili asubuhi tuko hospitali," Lopeti alisema. "Ukiwa na mtoto, ukiwa na ugonjwa, mimi ndiye dereva."

Asubuhi ya Jumatatu hawakuwa wa kwanza. Kwenye benchi la baraza, mbele ya chumba cha utrasaundi, alikaa mwanamke mnene mwenye gauni jeusi na mkeka mkuukuu wa heshima aliojifunga kiunoni, miguu ameipanga sawasawa kama aliye kanisani. Wauguzi walikuwa wanapita mbali naye kidogo. Folola alisimama ghafla.

"Sikuitwa, nimekuja," Shangazi Siutiti alisema. "Mama mkwe wako alinipigia simu kunishukuru. Alinishukuru nusu saa. Nikaona heri nije nijionee hicho ninachoshukuriwa."

Folola alimwamkia kwa sauti ndogo. Ilikuwa mara ya kwanza katika miaka miwili. Shangazi alimjibu, akamkagua toka kichwani mpaka miguuni.

"Umekonda. Nenda kapimwe. Mimi nipo."

Damu walimtoa kwanza. Wakangoja saa nzima na nusu, watu watatu kwenye benchi moja, Lopeti akitikisa goti mpaka Shangazi akaliwekea mkono likatulia. Kisha wakaitwa wawili ndani. Daktari Mafi, mwanamke mwembamba asiyepoteza maneno, alimpaka mafuta ya baridi tumboni, akaanza kuzungusha kifaa chake. Alizungusha sana. Folola hakuitazama skrini. Alimtazama Lopeti akiitazama, maana uso wa Lopeti haukuwahi kujua kuficha kitu.

Daktari akakirudisha kifaa mahali pake, akavuta kiti.

"Mji wa mimba ni mtupu, Folola. Mirija nayo nimeitazama, hakuna kitu. Na homoni kwenye damu iko juu kiasi kwamba mimba ingekwisha kuonekana. Ni ugonjwa. Umerudi."

Folola alisikia maneno yote, moja moja, na yote yalikuwa mepesi kueleweka.

"Ni vidonge," alisema. "Niliacha vidonge."

"Vidonge havihusiki. Ugonjwa ungerudi hata kama ungemeza pakiti nzima kila siku. Ulichokosea ni damu ya mwezi uliopita. Umetunyima mwezi mmoja. Kwa hilo nimekukasirikia, na nitakukasirikia mpaka jioni, halafu basi. Mwezi mmoja si kaburi."

"Atapona?" Lopeti aliuliza.

"Atapona. Karibu wote hupona, hata unaporudi. Lakini dawa ile ya kwanza haikutosha, sasa tunachanganya dawa kadhaa zenye nguvu zaidi. Tutapiga picha ya mapafu kuona kama umefika huko, na leo namlaza. Nywele zitanyonyoka." Akamgeukia Folola. "Na la kizazi nalisema hapahapa mbele ya mumeo, lisije likaletewa chumvi njiani. Wakati wa dawa hedhi inaweza kusimama. Kwa wengi hurudi. Wengi huzaa baadaye, watoto wazima kabisa. Ila kukoma hedhi kunaweza kuja miaka michache mapema kuliko kwa wenzako. Kwa hiyo tukimaliza, na mwaka wa kusubiri ukiisha, msizubae."

"Wengi," Folola alisema. "Si wote."

"Wengi. Ningekuwa na neno kubwa zaidi la kweli, ningekupa."

Lopeti alichukua kitambaa, akaanza kumfuta mafuta tumboni, taratibu, akirudia mahali palipokwisha kukauka. Hakuna aliyemharakisha.

Walipotoka, Shangazi Siutiti aliwatazama mara moja, akagonga ulimi kwenye meno, akasogea kuwapa nafasi katikati ya benchi. Hakuuliza. Simu ya Folola ilianza kuita kwenye mkoba. Ilikuwa Ilaisaane, bila shaka ana watu wamemzunguka uwanjani.

"Nipe mimi," Lopeti alisema. "Ni mama yangu."

"Ngojeni," alisema Shangazi. "Mkimwambia ugonjwa umerudi, jioni wataanza kuuliza huyu binti kafanya nini. Penye wengi pana mengi. Watatafuta, na wakitafuta watapata. Mwambieni ni mimi. Semeni nguruwe nilimla lakini moyo haukulegea, Siutiti bado ana hasira. Mimi hawanifanyi kitu. Wataninung'unikia, halafu harusi ijayo watanipa kiti cha mbele vilevile."

Simu ilikatika, ikaanza upya.

"Shangazi," Folola alisema. Aliona ajabu kwamba hakuwahi kumuuliza mtu yeyote swali hili, hata yeye mwenyewe. "Kwani uliniapiza?"

"Sijawahi."

"Hata ile siku ya muuza nyanya?"

"Siku ile nililia. Nilinunua nyanya nisizozihitaji, nikaenda nyumbani nikalia. Wewe ndiye mtoto wa kaka yangu niliyekubeba kabla mama yako hajapata nguvu za kukubeba. Kukuapiza, hapana."

"Mbona hukusema? Mwaka na nusu watu wanasema ni wewe."

"Nimwambie nani? Waliniletea nguruwe. Hakuna aliyeniletea swali." Akaurekebisha mkeka kiunoni. "Na huyu mumeo alipokuja, alikuwa amechoka mpaka macho yameingia ndani. Ningemwambia sina cha kukusamehe, angeondoka na nini? Nikamwambia nimesamehe. Nilidhani ni uongo wa bure, haumgharimu mtu."

Folola alifikiria pakiti ya vidonge chini ya nguo. Hakumwambia. Alimshika Shangazi mkono, mkono mzito wenye mafuta ya nazi, akaubusu, na hakuwa anaomba kitu chochote. Kisha akaipokea simu.

"Mama," alisema. "Hakuna mtoto. Ni ule ugonjwa, umerudi."

Sauti ya Ilaisaane ilipanda mpaka Lopeti akaisikia alipokaa. Ni Siutiti, alikuwa anasema, mwongo mkubwa, kala nguruwe wetu, kachukua mkeka wa mama yangu, kumbe moyoni...

"Si Shangazi, mama. Hakuwahi kunikasirikia. Yuko hapa, amekaa nami. Na si laana. Mimi nilikwepa kutoa damu mwezi uliopita, hilo ni langu, lakini hata hilo silo lililouleta. Daktari anasema ungekuja tu. Unakuja tu, mama."

Upande wa pili Folola alisikia kuku, na mtu akiuliza kuna nini, na Ilaisaane hakumjibu mtu huyo. Alipozungumza tena ilikuwa sauti ambayo Folola hakuijua, ndogo, kama ya mtoto aliyesahau aya yake.

"Sasa mimi nimlaumu nani?"

"Hakuna, mama," Folola alisema, na machozi yaliyokuwa yamemgomea toka Alhamisi yakaanza kumtoka. "Hakuna mtu. Niletee mto na blanketi, nalazwa leo."